Chai Bila ya Ugomvi

Nyinyi wajukuu zetu wa London mna tabia moja inanichekesha. Mtu anakusemesheni Kiswahili, mnaelewa kila neno mpaka tusi, halafu mnajibu kwa Kiingereza. Haya, leo hamjibu, leo mnasikiliza. Kuna wenzenu kadhaa wamenijia hapa nyumbani Queensbury wakaniambia wanataka kugombea udiwani, na kila mmoja ananiuliza lile lile: Bi Hansa, ulifanyaje wewe mpaka ukawa mwanamke wa kwanza wa Kihindi kuingia kwenye ile kaunsili? Wanataka siri. Siri sina. Nilichokuwa nacho mimi ni Bi Rukia, na yeye hakuwa siri hata kidogo, alikuwa anasikika mpaka ghorofa ya chini.

Lakini kwanza tuzungumze viatu, maana naona mnavyovaa. Siasa ya mtaani ni kazi ya miguu. Unapita mlango kwa mlango, mvua inanyesha, unapanda ngazi za flati, unashuka, unapanda tena. Vaeni raba. Mimi nilivaa sari na raba, na watu walicheka, lakini waliocheka walikuwa wamekaa ndani kwenye joto, na mimi ndiye niliyekuwa na safari.

La pili, msitie vidole kwenye tundu la barua la mlangoni. Mbwa wa hapa habweki, anakaa kimya nyuma ya mlango anangoja kidole. Chukueni mwiko wa mbao, ule bapa, sukumeni karatasi yenu kwa mwiko. Mume wangu Kishor alinunuliwa miwiko mipya kila uchaguzi, na bado alikuwa anaulizia kwa nini mwiko wa wali una alama za meno. Na msibonyeze kengele wakati wa magharibi, na magharibi ya Disemba hapa inaingia alasiri, jueni saa zenu. Wala msibonyeze wakati tamthilia ya Kihindi inaonyeshwa. Mtu uliyemkatizia tamthilia hakupigii kura wewe wala ndugu zako.

Basi. Mimi nimezaliwa Chake Chake, Pemba, nyuma ya duka la baba yangu. Jikoni tulisema Kigujarati, kwengine kote Kiswahili. Tulipokuja huku nilikuwa msichana mkubwa, nikapata kazi ya mapokezi hospitalini, nikaolewa na Kishor, Muhindi wa Tanga, fundi wa miwani, mtu mpole asiyesema maneno mawili ikiwa moja latosha. Siasa niliingia kwa hasira tu. Palikuwa na njia ya kuvukia barabara mbele ya skuli ya wanangu, kaunsili ikaiondoa, nikenda kulalamika, nikaambiwa niandike barua, nikaandika, nikajibiwa niandike tena. Siku moja nikasema basi, nikakae mimi upande wa pili wa ile meza.

Aliyenifunza kampeni alikuwa mzee wa Kiingereza, Bwana Derek, fundi bomba mstaafu, ndiye aliyesimamia uchaguzi wa chama chetu kwenye mtaa huu. Namshukuru mpaka leo. Wengine chamani walipokuwa wanajiuliza kama mwanamke wa Kihindi atauzika, yeye aliuliza kama naweza kutembea. Kazi aliyonipa ilikuwa nyepesi kuisema: ukitoka mlangoni kwa mtu, weka alama. Huyu wetu, huyu si wetu, huyu bado hajaamua. Siku ya kupiga kura tunawafuata wale wetu tu, tunawakumbusha watoke. Hao wengine tunawaacha walale.

Nikapita. Na nilipita kwa watu wangu, Wahindi wa Afrika Mashariki na Waswahili, maana mtaa wetu ulijaa wao. Mama yangu, mapokezi niliyoyapata! Hapa nakaribishwa chai ya maziwa na iliki, hapa nafungiwa bhajia nimpelekee Kishor, hapa naambiwa, "Wewe ni mtoto wetu, wasiwasi wa nini, inshallah." Kwa Mapatel inshallah, kwa Masheikh inshallah. Nikirudi jioni tumbo limenijaa na karatasi imejaa alama za wetu, wetu, wetu. Bwana Derek aliitazama ile karatasi, akavua miwani, akaivaa tena. Akaniambia hajapata kuona mtaa kama huo tangu aanze kazi, ama mimi ni malaika ama kuna jambo yeye halifahamu.

Mtaa mzima niliandika "si wetu" mlango mmoja tu. Ghorofa ya juu kabisa ya flati zilizoko karibu na stesheni, mjane wa Kipemba, mtu wa Wete, kazi yake kuwahudumia wazee majumbani mwao. Huyo ndiye Bi Rukia. Alifungua mlango, akanitazama kuanzia kichwani, akaniuliza mimi ni mtoto wa nani. Nikamwambia. Akasema baba yangu alikuwa mtu wa haki, sasa mimi nimeingiwa na nini. Akaniuliza kama nimepanda kwa lifti au kwa ngazi. Nikasema kwa ngazi, lifti mbovu. Akasema mbovu tangu Mfungo Mosi, tangu Idi ya Ramadhani, na yeye na magoti yake anapanda kila siku na mikoba, na diwani aliyepo hajawahi kutia mguu, na mimi nimekuja na karatasi yenye picha yangu nimetabasamu, natabasamia nini? Nikataka kujibu, akanikatiza akaniambia hivyo viatu vya kisigino nilivyovaa vitanivunja kiuno. Hakunipa hata maji. Nilishuka zile ngazi, nikaweka alama yangu, nikasema moyoni, huyu mama adui.

Viatu vya raba nilinunua siku ya pili yake. Naona mnacheka.

Siku ya kuhesabu kura tulikuwa kwenye ukumbi wa michezo, meza ndefu, watu wanafungua masanduku. Nilikwenda na sari yangu ya harusi ya dada yangu, nikijua nitapigwa picha. Mafungu ya wagombea wengine yakapanda, fungu langu likabaki chini. Sikushindwa, nilifagiliwa. Nilikaa ndani ya gari nikalia mpaka vioo vikaingia ukungu, nikamuuliza Kishor, wale wote walioniambia mimi mtoto wao wako wapi? Akafikiri, akasema, "Labda wamekupigia kura moyoni."

Siku mbili tatu hivi sikutoka ndani. Halafu kengele ikalia, nafungua, Bi Rukia, na mkoba wake na koti lake zito. Hakungoja karibu, akapita moja kwa moja mpaka jikoni, akavuta kiti. Nilidhani amekuja kunisuta. Akaniambia yeye kura yake kanipa, na amewatoa majumbani wanawake wenziwe wa zile flati akawapeleka nao wakanipa, na zile kura chache nilizozipata mtaani kwetu nyingi zao ni hizo. Nikamuuliza, lakini wewe si ulinigombeza?

Akaniambia maneno ambayo nimeyabeba maisha yangu yote ya kazi. "Mtu akikusudia kukupa kitu chake, atakuuliza utakifanyia nini. Asiyekusudia kukupa, ana haja gani ya kugombana na wewe? Anakupa chai uende zako."

Na ni kweli, wanangu. Nani kati yetu aliyelelewa kumwambia mgeni "hapana" mlangoni? Tumefunzwa mgeni hatoki na njaa wala hatoki na huzuni. Unamkirimu, unamwambia inshallah, Mungu ndiye atakayemjibu. Wale watu hawakunidanganya, walinistahi. Ila mimi, mtoto wa Pemba, niliyekulia humo humo, niliposhika karatasi ya Bwana Derek nikasahau yote niliyoyajua, nikajivika mwenyewe kilemba cha ukoka. Nilipomweleza Bwana Derek alicheka mpaka akashika meza. Alisema Waingereza wao kazi rahisi, mtu asiyekutaka anakufungia mlango na unaumia kidole tu.

Uchaguzi uliofuata tulitembea watatu. Bwana Derek anashika ramani, mimi nazungumza, Bi Rukia anasimama nyuma yangu anatazama nyuso. Alinifunza kuikataa chai kwanza. Unasema ahsante sana, chai nitakunywa, lakini kwanza niambie kinachokuudhi. Ukiona mtu anasema hakuna, kila kitu kizuri, alhamdulillahi, basi huyo bado, rudi wiki nyengine. Ukiona amekunja uso akaanza, "Sasa hizo taka zenu...", hapo usikimbie, tia mgongo ukutani umsikilize mpaka mwisho, maana hapo ameshaanza kukupa. Kuna siku mzee mmoja wa Kisingasinga alinigombeza juu ya maegesho ya magari mpaka mkewe akamletea maji. Tulipotoka, Bi Rukia akaninong'oneza, "Huyo atakwenda kukupigia kura hata kwa kutambaa." Safari hii karatasi yangu ilijaa watu wakali, na nikashinda.

Sitaki mdhani niliingia kule kama malkia. Hotuba yangu ya kwanza niliisoma nimesimama wima sijatikisika hata kidogo, na gazeti la mtaani likaandika kwamba diwani mpya ana msimamo. Msimamo gani? Pindo la sari lilikuwa limekanyagwa na mguu wa kiti cha jirani yangu, mwanamme mnene, na ningesogea ningebaki na sketi ya ndani mbele ya meya. Bi Rukia alikuwa juu kwenye viti vya watazamaji, aliona kila kitu. Aliniambia nibebe pini.

Lifti ya zile flati ilitengenezwa, kwa taabu, lakini ilitengenezwa. Siku ilipoanza kufanya kazi nilipanda nayo kwenda kumpa habari, nikitegemea shukrani. Akafungua mlango akasema inanuka.

Ndivyo tulivyokaa miaka mingi. Kila nikenda kwake napokewa jikoni, naketi kwenye kigoda karibu na jiko, anakoroga mchuzi na kunisomea makosa yangu, chai ananipa kwenye kikombe kilichovunjika mkono. Nimepanda, nimekuwa mwenyekiti wa kamati ya nyumba, nimesalimiana na mawaziri, na kile kikombe hakikubadilika. Nilipenda kile kikombe, nakwambieni kweli. Kwengine kote nilikuwa napewa nyama ya ulimi, na pale tu ndipo nilipokuwa Hansa.

Sasa sikilizeni, maana hapa ndipo penyewe.

Palikuwa na senta ya wazee hapa mtaani, na bado ipo, ile yenye mlango wa kijani. Jumatano wanakuja babu zenu na bibi zenu, wa Kihindi na wa Kiswahili, wanakula pamoja, wanasemana, wanacheza karata. Wengine ile ndiyo siku pekee ya wiki wanayosikia mtu akiwaita kwa majina yao. Wahindu wanaimba bhajan, Waislamu wanasoma hitima zao, siku zimepangwa na hakuna aliyewahi kugombania siku. Kaunsili ikataka kuiuza. Nao waliotaka kuiuza ni chama chetu wenyewe.

Kiongozi wetu alikuwa anastaafu. Akaniita ofisini, akanifungia mlango kwa upole, akaniambia nafasi yake wenzangu wengi wanaona ni yangu. Kiongozi wa kaunsili nzima, mwanamke, Muhindi, mzaliwa wa Pemba. Lakini chama lazima kipige kura kama mtu mmoja, akasema, na jambo la senta lazima lipite. Hakunitisha. Alinitazama kama rafiki, na hilo ndilo lililonipa tabu.

Na mimi nilitaka. Nisikufichieni. Nilimfikiria marehemu mama yangu, aliyekuwa akitia dole gumba kwenye wino kwa kutojua kuandika, na mwanawe anakaa kile kiti. Nikaanza kuijengea hoja ile kura. Kuna senta nyengine, mpya, basi mbili tu kutoka hapa, vyoo vizuri, hita inafanya kazi. Nikikaa kwenye kiti kile nitawafanyia wazee mengi zaidi kuliko senta moja ya mlango wa kijani. Hoja ilinyooka vizuri. Nikasema niende nikamweleze Bi Rukia kabla hajasikia kwa watu, na nilijiandaa kugombezwa kama sijawahi kugombezwa.

Alifungua mlango. Akasema, "Karibu, Mheshimiwa."

Nikadhani ananitania, nikacheka. Yeye hakucheka. Akanipitisha sebuleni, akaniketisha kwenye kochi lililofunikwa kitambaa cheupe, mahali wanapokaa maimamu na madaktari. Akaleta chai kwenye vikombe vya wageni, vile vyenye mstari wa dhahabu, na visheti kwenye sahani. Akaketi mbele yangu, mikono mapajani. Nikamweleza yote, basi mbili, vyoo, hita. Alinisikiliza bila ya kunikatiza hata mara moja, mtu aliyekuwa hawezi kuniacha nimalize jina langu. Nilipokwisha akasema, "Inshallah kheri. Nyinyi ndio mnaojua."

Nilikunywa ile chai. Ilikuwa nzuri, tamu, ina tangawizi, na nikaiacha nusu. Nilitazama viatu vyangu, nilivaa vya kisigino siku ile kwa ajili ya mkutano, nikasema sasa atasema. Hakusema. Alinisindikiza mpaka kwenye lifti, akanishukuru kwa kuja.

Nilikaa kituo cha basi na basi zangu zikapita. Nikampigia simu Kishor dukani. Nikamwambia, "Bi Rukia kanipa chai."

Nikasikia anaweka miwani ya mtu chini. Halafu akauliza, "Vikombe gani?"

"Vya wageni."

"Basi," akasema, "unajua la kufanya."

Siku ya kura ya kaunsili senta nzima ilikuja, wamejaza viti vya juu, wengine na magongo, wengine na viti vya magurudumu, Bi Rukia katikati yao na koti lake zito. Sikumtazama. Nilisimama, na safari hii hakuna aliyenikanyagia pindo, ningeweza kukaa chini wakati wowote. Nilisema mtaa ulionipa kura haukunipa ili niwahesabie watu mabasi. Nilisema nitapiga kura kupinga senta kuuzwa, na sauti ilikuwa inanitoka kidogo kidogo maana nilikuwa naogopa, kiongozi wetu alikuwa amekaa karibu yangu anatazama mikono yake. Nikapiga. Wenzangu wachache, sikuwategemea, wakanyanyua mikono pamoja na mimi. Zikatosha. Senta haikuuzwa.

Uongozi sikuupata. Kamati ya nyumba nikavuliwa kabla ya mwezi kuandama. Waliokuwa wakinisalimia kwa jina wakawa wanasalimia ukuta ulio nyuma yangu. Nilibaki diwani wa kawaida mpaka nilipostaafu, na wala leo sisemi kwamba halikuniuma, liliniuma. Lakini ile asubuhi ya pili yake, Kishor yuko jikoni anakaanga mayai, kengele ililia, tena ikalia kabla sijafika, kama mtu aliyekasirika. Nikafungua. Bi Rukia, na gongo, amekuja kwa basi na magoti yale.

"Wewe Hansa," akasema. "Hiyo ndiyo sauti ya kusemea? Sisi tuliokaa juu hatukusikia hata nusu. Na ile sari ya kijivu, ulikuwa unakwenda matangani?"

Machozi yalinitoka pale pale mlangoni, nikamkumbatia na gongo lake. Akanisukuma kidogo anitazame vizuri.

"Unalilia nini sasa? Teleka chai. Na mimi usinipe kwenye vikombe vya wageni."

Bi Rukia ametutoka mwaka uliopita. Hitima yake ilisomwa senta, nyuma ya ule mlango wa kijani, na wanawake wa bhajan wakatoa siku yao ili watu waenee. Mimi nilipewa kazi ya kuosha vyombo, na nilishukuru kwa hilo, maana nilikuwa na kitu cha kufanya na mikono. Kile kikombe kilichovunjika mkono ninacho, bintiye aliniletea. Kila asubuhi nakinywea, na kila asubuhi nasema ahsante, na sisemi kwa Kiingereza.

Sasa wiki iliyopita alinijia binti mmoja, mgombea, Muhindi wetu wa hapa hapa, wazazi wake wa Kenya, wana duka karibu na stesheni ya Rayners Lane. Kapendeza, adabu anayo, karatasi yake ina picha anatabasamu. Nikamkaribisha, nikampa chai na chevdo ya kutafuna, akaniambia habari ya chama chake, nikamwambia mwanangu wasiwasi wa nini, inshallah. Mazoea tu, ulimi ulijiendea wenyewe. Akafurahi. Nikamwona kupitia dirishani anasimama getini, anatoa simu yake, anaweka alama. Najua alama gani.

Nikaukumbuka ule ukumbi wa kuhesabia kura na mimi ndani ya gari na vioo vimeingia ukungu. Nikatoka na kandambili zangu mpaka nje, na baridi ile, nikamwita.

"Wewe binti, rudi hapa. Paa la senta linavuja tangu Diwali, mbona hujaniuliza? Utatufanyia nini? Na hivyo viatu gani vya kuvaa kampeni, unataka uvunjike kiuno?"

Alisimama, uso umemshuka. Akasema ataliangalia jambo hilo, akaniomba radhi, akaondoka haraka. Kwenye kona nikamwona anaitoa tena ile simu, maskini, anaifuta alama yangu.

Kama ni rafiki yenu, mwambieni airudishe.